Mita Mia Nne na Kumi

Kanuni ilinipa sekunde nne. Nilitumia mbili.

Kwenye skrini yangu kulikuwa na nukta moja ya kijani. Nukta hiyo haikuonyesha roketi ilipo, bali mahali ambapo ingeanguka kama injini zake zingezimika wakati ule ule. Wengi huchanganya mambo hayo mawili, wala siwalaumu. Mimi mwenyewe, niliyekuwa nimeongoza ndege miaka kumi na miwili katika mnara wa uwanja wa ndege wa Harlingen, ilinichukua wiki nzima kuzoea. Nukta ilikuwa imetoka baharini na kuingia nchi kavu. Upepo ulikuwa unaisukuma kaskazini, na kaskazini kulikuwa na mstari. Ikauvuka. Nikainua kifuniko cha swichi. Kati ya kuinua kifuniko na kubonyeza, nukta ilisimama, kisha ikaanza kurudi.

Niliiona. Nalisema hili waziwazi kwa sababu kwa miaka kumi na moja sikulisema kwa mtu yeyote: niliiona ikirudi, na nikabonyeza.

Kampuni yetu haikuwa kubwa. Tulikuwa watu sitini na watatu ndani ya kiwanda cha zamani cha kuchambua pamba nje ya Raymondville, kusini kabisa mwa Texas, na tulikodi kipande cha ufuo ambacho hata ng'ombe walikuwa wamekichoka. Nia yetu ilikuwa kupeleka setilaiti ndogo angani, halafu ile sehemu ya chini ya roketi, yenye injini na gharama yote, igeuke, irudi, itue kwa miguu yake na iruke tena baada ya siku chache. Leo hata watoto wa shule hawashangai wakiona jambo hilo kwenye simu. Wakati ule wahandisi wenye heshima zao walikuwa wanatucheka mbele yetu.

Aliyeifundisha roketi njia ya kurudi alikuwa Rubén Zamarripa, mtoto wa palepale Raymondville, aliyesomea hesabu mbali kisha akarudi nyumbani watu wote wakimshangaa. Alikuwa mnene, mcheshi, na mahesabu yake yote ya awali aliyaandika kwa kalamu ya risasi kwenye madaftari ya shule. Kazi yake ilikuwa kuirudisha roketi. Yangu ilikuwa kuiua ikikosea njia. Mimi nilikuwa afisa usalama, na mtu wa cheo changu hakuwa chini ya mkurugenzi wala chini ya mtu yeyote kwa zile dakika nane za safari.

Alikuwa ananiita Bi Kanuni.

"Bi Kanuni, leo umeamka na huruma au umeamka na kidole?"

"Na kidole," ningemjibu. "Mtoto wako anatembea kama mlevi aliyetoka harusini."

"Mlevi akifika nyumbani, kosa lake liko wapi?"

Lakini hakuwa amefika. Mara ya kwanza roketi ilizama baharini. Mara ya pili ilizama baharini vilevile, ila karibu zaidi, na Rubén alicheka mbele za watu kisha akajifungia chooni nusu saa. Ya tatu ndiyo ilikuwa ya mwisho. Hakuna aliyetangaza hivyo, lakini mkurugenzi wetu, Lindholm, alikuwa ameanza kutusalimu kwa upole mwingi, na sote tulijua maana yake. Miaka mitano ya Rubén ilikuwa ndani ya ile safari moja. Iwapo ingetua, dunia ingejua kuwa yule mnene wa Raymondville alikuwa sahihi. Isipotua, basi.

Sasa nieleze habari ya mstari. Kutoka uwanja wa kutua kwenda kaskazini, mstari ulikuwa umbali wa mita elfu mbili na mia saba. Nukta ikiuvuka, nina sekunde nne za kubonyeza, na tangi linapasuka roketi ikiwa bado juu. Ndani ya mstari hakutakiwi kuwa na mtu yeyote. Na ndani ya mstari, mita mia mbili kabla ya kuufikia, kulikuwa na nyumba ya Hilario Quintanilla, mfuga farasi, mzee mjane, aliyenishika kichwa kanisani maji yakimwagwa nilipokuwa na wiki sita. Alikuwa padrino wangu, baba yangu wa ubatizo. Kwetu huyo si mtu wa kutajwa siku ya sherehe tu. Baba yangu alipokufa, Hilario ndiye aliyenilipia karo na ndiye aliyenigombeza.

Makubaliano yalikuwa kwamba siku ya kurusha, padrino atoke. Naibu wa sherifu angepita kila geti na karatasi, mzee angetia sahihi kuwa ametoka, angeondoka na gari lake dogo la mizigo. Mara mbili zote alitia sahihi. Mara mbili zote alizunguka nyuma, akapita kwenye pengo la uzio na kurudi jikoni kwake kunywa kahawa. Mimi nilijua kwa sababu aliniambia mwenyewe, kwa majivuno. Nilimkaripia, akacheka, na sikuripoti. Hapo ndipo pa kuanzia kunilaumu.

Jumapili kabla ya safari ya tatu alikuja kwa mama yangu kula nyama ya kichwa cha ng'ombe, kama Jumapili zote. Baada ya kula alinivuta hadi kwenye mashine ya kufulia, mahali ambapo mama asingesikia.

"Binti yangu, Jumatano siendi kokote. Nakwambia mapema ili usije ukaniita mwongo tena."

"Padrino, usinianze."

"Farasi wangu Canela anazaa. Mimba ya kwanza, na mtoto amekaa vibaya tumboni. Nimwachie nani? Huyo mkurugenzi wako?"

"Sheria inasema asiwepo mtu ndani ya mstari."

"Mimi nimeisikia sheria. Farasi ndiye hajaisoma."

Nilicheka. Ingekuwa heri ningelia. Nilimwambia jambo moja tu la maana, na hilo nalo lilikuwa la kijinga: asinipigie simu kabisa wiki ile, kwa sababu simu zote za wiki ya kurusha zinarekodiwa. Akaniwekea mkono kichwani, akaahidi.

Kazi yangu ilikuwa nyepesi kueleza. Nimwambie Lindholm kuna mtu ndani ya mstari. Lindholm angeahirisha, kibali chetu kingekwisha Ijumaa, na baada ya Ijumaa pasingekuwa na kampuni ya kuomba kibali kingine. Padrino angefikishwa mbele ya hakimu kwa zile sahihi mbili za uongo. Rubén angefunga madaftari yake bila kujua kama alikuwa sahihi. Nililala na jambo hilo Jumapili, nikalala nalo Jumatatu, na Jumanne mchana nikapata njia ya kuwaridhisha wote. Niliingia kwenye kompyuta yangu, nikausogeza mstari wa kaskazini ndani hadi mita elfu mbili na mia mbili tisini, upande wetu wa nyumba ya mzee, naye akawa nje ya mstari. Mita mia nne na kumi. Mamlaka ya kukaza mstari nilikuwa nayo. Mamlaka ya kukaa kimya sikuwa nayo.

Mtu atauliza kwa nini nisimwambie Rubén peke yake. Nimejiuliza swali hilo mara nyingi kuliko sala zangu. Kama angejua, angeiambia roketi ikaze kona mapema kidogo na isiukaribie mstari wangu mpya. Ilikuwa kazi ya nusu saa. Lakini angeuliza sababu, na Rubén hakuwa na kipaji cha kuficha. Uso wake ulikuwa unasema kabla ya mdomo. Nilijiambia kwamba namlinda asijue. Ukweli ni kwamba nilimwogopa. Nilijua angenipeleka kwa Lindholm, na angefanya hivyo akilia.

Asubuhi ya Jumatano tulisomeana. Hiyo ilikuwa desturi yetu kabla ya kila safari: mimi na yeye mezani, tunakabiliana, kila mmoja na karatasi yake. Yeye anasoma namba, mimi nairudia, anaitia alama. Hatukuruhusiwa kuruka hata namba moja, hata zile tulizozijua kwa moyo. Aliweka tortia, chapati zetu nyembamba, zenye mayai na maharage katikati yetu, akasoma huku akitafuna.

"Mstari wa kusini, elfu moja na mia tisa."

"Elfu moja na mia tisa."

"Mstari wa kaskazini, elfu mbili na mia saba."

Nilikuwa nimejiandaa kwa hilo usiku kucha.

"Elfu mbili na mia saba," nikasema.

Akatia alama. Akanisukumia tortia ya mwisho, akaniambia nile, kidole chenye njaa hukosea.

Saa nne na dakika kumi roketi iliondoka. Sehemu ya juu ilijitenga, ikaendelea na safari yake, na baadaye ilifika ilikokuwa inakwenda. Setilaiti ile ndogo ilizunguka dunia miaka mitatu. Watu wakapiga makofi, kisha wakanyamaza, kwa sababu sehemu ya chini ilikuwa imegeuka na inakuja. Pembeni ya skrini yangu ilikuwepo karatasi ya naibu wa sherifu. Hilario Quintanilla, ametoka, saa moja na nusu, sahihi yake iliyopinda. Niliitazama na nikajua ni uongo, kama zile mbili za kwanza. Nilimwona kabisa akilini mwangu akiwa zizini amepiga magoti nyuma ya Canela, mikono imejaa damu, hasikii chochote. Upepo uliongezeka ghafla. Nukta ikaingia nchi kavu, ikaenda kaskazini. Yaliyofuata nimeshayasema.

Mlio ulitufikia baadaye, mzito, ukatikisa vioo. Rubén alivua vipokea sauti taratibu, akanigeukia. Hakuwa na hasira hata chembe.

"Ilivuka?" akauliza.

"Ilivuka."

Akatikisa kichwa kukubali. Nilikuwa nimemjibu kweli, kuhusu mstari ambao yeye hakujua kama upo.

Walinikataza kwenda kwenye nyumba ya mzee kwa sababu nyasi zilikuwa zinawaka. Nilikaa na roho mkononi mpaka saa kumi jioni, nikaruhusiwa kutoka, nikaendesha kuelekea huko nikilia. Nikampita mzee mwenyewe. Alikuwa nje ya duka la chakula cha mifugo mjini, kwenye kivuli, anapakia magunia, amevaa shati safi la kwendea kanisani. Nilisimamisha gari katikati ya barabara.

"Ni jike," alisema kabla sijafungua mdomo. "Amezaliwa jana jioni, mwenyewe, bila shida. Mrefu miguu hiyo. Nikasema basi leo nitii sheria, nije niitazame roketi yenu na watu wengine. Nilitaka kukwambia, ila ulinikataza kupiga simu." Akanitazama vizuri. "Ule moto juu, binti yangu, ndivyo inavyotakiwa?"

Nilimwambia hapana, sivyo inavyotakiwa. Sikumwambia zaidi ya hapo, siku hiyo wala siku nyingine. Alikufa akiamini kwamba zile sahihi zake za uongo hazikumdhuru mtu.

Vipande vilitawanyika kilomita nzima vichakani, kila injini na upande wake, kwa hiyo ardhi haikuweza kutoa ushahidi. Ushahidi ulibaki wa aina mbili: rekodi ya roketi yenyewe, na neno langu. Roketi ilisema, hadi sekunde ya mwisho, kwamba haijafika hata elfu mbili na mia nne. Mimi nilisema ilivuka mstari. Kompyuta yangu na kumbukumbu za rada zilibebwa pamoja na viti na meza kampuni ilipofungwa wiki sita baadaye, zikafungiwa ghalani, hakuna aliyezitafuta. Basi Rubén akabaki na mambo mawili yasiyopatana, na akachagua. Aliniamini mimi, akaikana mashine yake. Alihitimisha kwamba mahali fulani ndani ya hesabu zake mna kosa la karibu mita mia nne, kosa lililoifanya roketi ijidanganye mahali ilipo.

Akaanza kulitafuta. Mwanzoni alilitafuta kila siku, kisha kila Jumamosi. Kampuni mbili kubwa zilimwita. Zilikuwa zimeona namna roketi yetu ilivyogeuka angani na zilimtaka. Alizikataa. Aliwaambia kwamba hawezi kuandika njia ya kitu kinachorudi juu ya vichwa vya watu wakati hajui alikosea wapi. Akaajiriwa na bodi ya maji ya umwagiliaji, akawa anafungua na kufunga milango ya mifereji kwa wakulima wa vitunguu. Kazi nzuri, alisema. Maji yakikosea njia, analowa mtu kiatu.

Na mimi nikaendelea kwenda kwao. Kila Krismasi nilikaa jikoni na mkewe, Elodia, tukipaka unga uliokandwa kwenye maganda ya mahindi na kufunga tamali mpaka vidole vinauma, na Rubén akija na daftari na kuniambia ameipitia tena sehemu ya upepo na haoni kitu. Nilikuwa nasema, pumzika, Rubén. Nilikuwa nasema, yameshapita. Mwaka wa kwanza nilinyamaza kwa kuogopa hakimu. Mwaka wa tatu nilinyamaza kwa sababu nilikuwa nimenyamaza mwaka wa kwanza. Baada ya hapo sina hata sababu ya kutoa. Nilikuwa mwoga, na nilikula chakula chao.

Padrino alikufa Februari mwaka huu, usingizini, ana miaka themanini na minane. Tulimzika upepo ukivuma. Watu walipoanza kutawanyika, Rubén alikuja kusimama karibu nami, nywele zake zimekuwa nyeupe, kofia mkononi.

"Nilikuwa sijawahi kukushukuru," alisema. "Watu husema mzee alikuwa haondoki kwake siku za kurusha, na nyumba yake ilikuwa palepale. Ungesubiri sekunde moja zaidi, hesabu zangu zingemuua mzee wa watu. Miaka kumi na moja hii ameishi kwa sababu yako. Ulimwokoa na mimi, Dalia."

Niligeukia kaburi. Akadhani ni msiba, akanishika bega.

Jumapili iliyofuata nilikwenda kwao mchana. Alikuwa uani anatengeneza pampu. Sikukaa, maana nilijua nikikaa nitaletewa kahawa. Nilimwambia nikiwa nimesimama, yote, kuanzia mashine ya kufulia nguo hadi asubuhi ya kusomeana. Aliendelea kufungua nati moja mpaka nilipofika kwenye mstari, hapo mkono wake ukasimama.

"Uliusogeza mita ngapi?"

"Mia nne na kumi."

Akaiweka spana chini taratibu. Niliona midomo yake ikitembea, anajumlisha, anatoa. Haikuchukua muda. Namba zile alikuwa nazo kichwani miaka yote.

"Na nukta," alisema. "Ulipobonyeza, ilikuwa inafanya nini?"

"Ilikuwa imesimama. Halafu ikageuka."

"Uliiona kwa macho yako."

"Niliiona. Ilikuwa inarudi, Rubén. Ingetua."

Nilingoja anitukane. Nilikuwa nimeyaandaa masikio yangu kwa kila tusi ninalolijua, na lingekuwa nafuu. Hakunitukana. Aligeuza kichwa kuelekea mlango wa jikoni akamwita Elodia, kwa sauti ambayo ilimfanya mwanamke yule atoke mbio na mikono yenye povu.

"Sema tena," Rubén akaniambia. "Mwambie huyu."

Mara ya pili ilikuwa ngumu kuliko ya kwanza, kwa sababu Elodia alikuwa ananitazama usoni. Nilimwambia mstari, mita, kimya changu. Rubén alikuwa ameketi kwenye ndoo iliyopinduliwa.

"Na ile ya mwisho," akasema. "Ya nukta."

"Ilikuwa inarudi," nikasema.

Hapo ndipo alipoanza kulia, mdomo wazi, bila kujifunika. Elodia alikwenda nyuma yake, akamwekea mikono miwili mabegani, povu likimlowesha shati. Aliponisemesha hakupandisha sauti.

"Sasa nenda, Dalia. Mwache alisikie bila wewe hapa."

Nilichukua funguo zangu. Tangu tujuane, sikuwahi kuondoka katika nyumba ile bila mmoja wao kunisindikiza hadi kwenye gari, na kusimama pale tukiongea nusu saa nyingine. Nilitembea peke yangu hadi getini, nikalifungua, nikatoka, nikalirudishia.